Matundu ya Shukrani ya Adui

Nchi inayosimuliwa hapa haimo kwenye ramani yoyote, na msomaji atakayedhani ameitambua anaombwa anyamaze, maana huko kwao kutambua ni kosa. Ina ghuba moja ya matope, ngome moja na Mtukufu mmoja. Watu wake ni wengi, ila hao hawajawahi kuulizwa.

Katika zama zile za matanga, vita vya baharini vilipiganwa kwa mizinga na upepo, na nchi hiyo haikuwa na kimoja wala kingine cha kujivunia. Hata hivyo ilijipatia merikebu ya kivita ya adui, yenye milingoti mitatu na ubavu mrefu kuliko soko la samaki. Jinsi ilivyopatikana huimbwa na watoto shuleni, na imechorwa kwenye ukuta wa baraza kwa rangi nyekundu nyingi. Kati ya wananchi, waliojua ilivyokuwa kweli ni wawili tu: Nahodha Haidari Shekuwe na shemeji yake Ngwali, kaka wa mkewe.

Kweli yenyewe ni hii. Merikebu ya adui iliingia ghubani kutafuta maji na ndimu, kwa sababu mabaharia wake walikuwa wakitoka damu kwenye fizi. Maji yakapwa, ikakaa kwenye matope. Mabaharia wakashuka wote kwenda sokoni, wazima wakiwashika wagonjwa mikono. Haidari, ambaye siku hizo alikuwa na mashua ya doria tu, alipanda juu na Ngwali kuangalia kuna nini cha kuokota. Wakamkuta mpishi mzee amelala, wakamteka. Mpishi aliomba amalizie usingizi wake, wakamkubalia.

Ndipo askari wa ngome walipoanza kupiga mizinga. Walikuwa wamechelewa kwa kuwa ufunguo wa ghala la baruti ulikuwa kwa mke wa kamanda, naye alikuwa ameenda kusukwa. Walipiga mchana kutwa. Wakaua ng'ombe, wakabomoa choo cha kamanda wao wenyewe, na mwishowe merikebu isiyosogea wala kujibu wakaipata mara tatu, Haidari, Ngwali na mpishi wakiwa ndani, wamelala kifudifudi.

"Shemeji," Ngwali alisema vumbi lilipotulia, "hawa wetu watatuua."

"Nyamaza," Haidari akamjibu, huku akijifuta masizi usoni, kisha akafikiri, akayarudisha. "Hii sasa ni vita."

Wenye merikebu waliporudi na vikapu vyao vya ndimu walikamatwa, wakashangaa sana, na baadaye wakarudishwa kwao kwa kuwa walikula mno. Merikebu ikaitwa Shukrani ya Adui. Haidari akapewa joho na cheo cha unahodha, na Ngwali akafanywa sarahangi wake, mkuu wa mabaharia. Wote wawili walikubali. Ngwali hakuwa malaika. Alikula kondoo wa sherehe mpaka akalala hapohapo kwenye mkeka.

*

Mtukufu alifika siku chache baadaye. Wakati wa vita alikuwa bara, kwenye chemchemi za maji ya moto, akitibiwa kiuno. Alizungushwa kwenye mashua kuitazama merikebu, na alipofika kwenye tundu la chini kabisa kati ya yale matatu, alisimamisha makasia. Akaingiza kidole. Akaingiza mkono. Kisha, kwa mshangao wa walinzi wake, akaingiza kichwa, kikakwama, na ikabidi mafundi watie mafuta ya samli kumtoa.

Mtu mwingine angeona aibu. Mtukufu aliona historia.

"Wananchi," alisema, samli ikimchuruzika masikioni, "tundu hili limenishika kwa sababu limenitambua. Hapa ndipo adui alipoonjeshwa hasira yetu. Kuanzia leo hili ni Tundu la Taifa. Haliozi, halipungui, wala halizibwi. Atakayeliziba ameziba mdomo wa ushindi wenyewe, na mdomo wake yeye nitauziba mimi."

Watu wakapiga makofi. Ikaundwa Wizara ya Matundu, na waziri wake akawa Bwana Tindo Mkadamu, mtu aliyekuwa na sauti nzuri ya kukubali. Tundu la pili likapewa mama yake Mtukufu, na la tatu likatengwa kwa ajili ya vizazi vijavyo.

Shida ilianza hapo. Mawaziri wengine walikuwa na wake, na wake walikuwa na midomo. Je, Waziri wa Chumvi hakushinda? Mkuu wa Posta hakushinda? Bwana Tindo alifanya uchunguzi, akagundua kwamba vita vilikuwa vikali kuliko ilivyodhaniwa, na kwamba risasi nyingi zilipita bila kuacha alama kwa sababu ya mwendo wake wa kasi. Alama hizo zilipaswa sasa kurudishwa. Mafundi wakaja na keekee, wakaanza kutoboa.

Na kwa kuwa tundu la Mtukufu lilikuwa la chini kuliko mengine, ikawa kanuni kwamba tundu la chini ndilo lenye heshima. Hakuna aliyeona ubaya wa kanuni hiyo. Waziri wa Chumvi alipewa tundu usawa wa kitovu cha merikebu. Mkuu wa Posta akahonga fundi, akatobolewa chini yake kidogo. Waziri wa Chumvi akalia hadharani, akashushwa. Ukafika wakati Mkuu wa Posta alikuwa chini ya Mtukufu kwa upana wa kiganja, jambo ambalo lilimpeleka jela, na Mtukufu akatobolewa upya chini zaidi. Basi kila mkubwa alipopanda cheo, matundu yaliteremka.

Nahodha Haidari alitazama yote haya akiwa na donge moyoni. Lakini msomaji asimsifu bure: donge hilo halikuwa la merikebu. Lilikuwa la yeye mwenyewe kutokuwa na tundu. Aliliomba kila mwaka, na kila mwaka Bwana Tindo alimjibu lilelile.

"Wewe uliteka, Nahodha. Umeshapata raha yake. Matundu ni yetu sisi tulioteseka kwa kusubiri habari."

Haidari alirudi nyumbani amenuna, na mkewe, Bi Mwanate, akamwekea chakula bila kumwonea huruma.

"Mwanamume mzima analilia tundu," alisema. "Mwenzio akitaka tundu anachakaza kanzu."

*

Tangu siku ile ilipotekwa, Shukrani ya Adui ilifanya kazi zote isipokuwa ya merikebu. Ilikuwa ukumbi wa karamu, ikawa shule ya wana wa mawaziri, ikawa jela ya waliocheka kwenye karamu. Matundu yalipokaribia maji, Wizara iliagiza ipunguzwe uzito ili inyanyuke. Mizinga ikashushwa, ikapambwa maua kwenye bustani za wakubwa. Yalipokaribia tena, wakatoa farumi, yale mawe mazito ambayo hukaa chini kabisa ya chombo ili kisipinduke, na Bwana Tindo akayajengea ukuta wa nyumba yake. Merikebu ikabaki nyepesi, ndefu, imesimama kwenye matope kwa sababu matope yaliishika. Maji yalipojaa, yaliingia kwa utaratibu wa vyeo, kwanza kwa Mtukufu, kisha kwa wengine. Chini, Ngwali na mabaharia wake walifua maji kwa ndoo. Yalipokupwa, walipumzika. Hayo ndiyo yalikuwa maisha yao.

"Shemeji," Ngwali alimwambia Haidari siku moja, akikamua maji kwenye shuka lake, "hii kitu siku ikitoka kwenye matope, tumekwisha."

"Haitatoka. Itoke iende wapi?"

"Mimi nakwambia tu. Nina vijana kule chini, wengine hawajui hata kuogelea. Tundu moja moja tuzibe kimyakimya. Nani ataona?"

Haidari alitazama huku na huku. "Unataka kuninyonga, Ngwali? Watu wa Wizara wanapita kila asubuhi wanayachungulia."

Lakini maneno yale yalimkaa, na hapo tumpe haki yake: alijaribu. Alikwenda Wizarani akapendekeza, kwa unyenyekevu mwingi, kila tundu lifunikwe kwa kibao cha shaba chenye jina la mwenyewe, na ngozi nene nyuma yake ili chumvi isichafue jina. Bwana Tindo alilipenda wazo hilo mpaka akasimama. Vibao vikafuliwa, vikubwa, vizito, vya kung'aa. Haidari alikuja kuvipokea akitabasamu, na tabasamu likamfia mdomoni. Kila kibao kilikuwa kimetobolewa katikati.

"Ili tundu lionekane," Bwana Tindo alieleza. "Tundu lisiloonekana litamfaa nani?"

*

Kisha wenye merikebu wakaja kuidai.

Zilitokea merikebu zao tatu mdomoni mwa ghuba, zikatia nanga mbali na matope, maana safari hii walikuwa wamejifunza. Mjumbe wao alikuja kwa adabu. Alisema hawataki vita. Wanataka chombo chao, na mpishi wao kama bado yu hai. Mpishi alikuwa hai, alikuwa ameoa na kufungua mgahawa, akakataa kwenda. Kuhusu merikebu, Mtukufu aliita baraza.

"Wanaitaka Shukrani ya Adui?" alisema. "Wataiona! Nitawapelekea hukohuko waliko. Itatoka na maji ya kesho, matanga yote wazi, matundu yote wazi, na watakapoyaona watakumbuka kipigo chao na kukimbia. Nani hapa aliwahi kusikia ushindi umezama?"

Hakuna aliyewahi kusikia.

Haidari alikuwa amesimama karibu na mlango. Aliwaona vijana wa Ngwali na ndoo zao, akamwona Ngwali, akajiona na yeye mwenyewe majini na joho lake. Alijua kitu kimoja tu kingeweza kuyaziba yale matundu, nacho kilikuwa ulimini mwake tangu siku ya ndimu. Ikiwa hapakuwa na vita, basi matundu hayakuwa ya taifa, na mbao zingepigiliwa kabla ya alfajiri. Yeye angenyongwa, labda. Vijana wangepona. Alijitokeza katikati ya baraza, na huo, jamani, ndio ulikuwa wakati wake mzuri kuliko yote maishani, maana ulikuwa mfupi.

"Mtukufu," alisema, "nisamehe. Hapakuwa na vita. Wenyewe walikuwa sokoni wananunua ndimu. Mle ndani palikuwa na mpishi amelala. Yale matundu matatu tulijipiga wenyewe. Haya mengine ni keekee. Merikebu ile haina uzito chini na imejaa matundu, ikitoka itapinduka na watu wafe. Niue mimi, lakini uamuru yazibwe."

Mtukufu alimtazama, na watu wakaona macho yake yanajaa machozi.

"Mmemsikia?" alisema kwa sauti ya kukatika. "Mmeusikia unyenyekevu huo? Mtu ameshinda vita vile, kisha anasema havikuwepo! Nahodha, mimi nilikuwepo. Risasi moja ilipita hapa." Akagusa sikio.

"Mimi nilikuwa nyuma yako, Mtukufu," akasema Waziri wa Chumvi.

"Mimi nilijeruhiwa," akasema Bwana Tindo, akapandisha kanzu kuonyesha kovu ambalo mkewe alilijua asili yake.

Kila mmoja akakumbuka alipokuwa amesimama. Walikumbuka moshi, walikumbuka vilio. Waziri mmoja aliyezaliwa baada ya hapo alikumbuka farasi.

"Na mtu huyu," Mtukufu akaendelea, "hana tundu! Aibu ni yetu. Bwana Tindo, kesho kabla merikebu haijatoka, Nahodha Haidari Shekuwe atobolewe tundu lake. Na si pembeni. Chini kabisa, sakafuni, chini ya langu mimi. Kwa siku moja nakubali kuwa wa pili."

Haidari alifungua mdomo. Alikusudia kusema habari ya vijana. Alikuwa nayo tayari. Lakini watu walikuwa wamesimama wote wakimpigia makofi, Waziri wa Chumvi alikuwa amekunja uso kwa wivu, na kibao cha shaba kilikuwa tayari kinaagizwa. Chini kabisa! Hata Mkuu wa Posta alipofungwa hakufika chini namna hiyo.

"Mtukufu," alisema Haidari, "sistahili."

Ndivyo alivyosema, na hakusema lingine.

*

Siku ya pili watu walijaa ufukweni kwa amri. Haidari aliteremshwa ngamani, chini kabisa ya chombo, akiwa amevaa joho, Bwana Tindo akimshikia taa na fundi akimshikia keekee. Ngwali na vijana wake walisimama pembeni na ndoo, maji yakiwafika vifundoni. Desturi mpya ilitaka mwenye tundu alitoboe mwenyewe.

Haidari akapiga magoti, akaiweka ncha ya keekee kwenye ubao. Ngwali akainama karibu naye.

"Shemeji," alinong'ona, "mimi ndiye nitakayekuwa humu."

"Ni heshima ya familia nzima, Ngwali."

"Nitazame basi."

Haidari hakumtazama. Alikuwa akisoma kibao chake, kilichosimamishwa kando. Jina lake lilikuwa limeandikwa vizuri sana, na kwa herufi kubwa kuliko alivyotumaini. Akazungusha keekee. Ubao ulikuwa laini kwa kuoza, ukatii haraka, na maji yakapanda yakamlowesha joho kifuani. Bwana Tindo akapiga makofi, taa ikaanguka. Wakapanda juu wao na fundi kwa haraka isiyolingana na sherehe. Ngwali akabaki akiita ndoo.

Maji yakajaa. Mashua za makasia zikaivuta merikebu kutoka kwenye matope, na kwa mara ya kwanza tangu itekwe ikawa inaelea, ikiyumba kichwa. Haidari alikuwa kwenye mashua ya mbele, kwa sababu itifaki ilitaka Nahodha aonekane. Walipofika kwenye maji marefu akapunga leso, matanga yakafunguliwa, upepo ukaingia. Shukrani ya Adui ikainama ubavu mmoja kwa heshima kubwa, kama inayomsujudia Mtukufu ufukweni, na matundu ya upande ule yote, ya mawaziri, ya mama mtu, ya vizazi vijavyo, yakaingia majini kwa pamoja.

Wimbo wa taifa ulikuwa bado unapigwa.

Haikuzama mara moja, na hilo liliwashangaza wote. Ilikaa imelala ubavu kwa muda wa kutosha vijana wa ngamani kupanda ngazi mmoja mmoja na kujitupa baharini. Mashua za adui ndizo zilizowaokota. Wakawafunika mablanketi, wakawapa ndimu, wakawarudisha ufukweni wote. Kisha amiri wao akavua kofia kuiaga ile milingoti iliyokuwa ikienda chini, akang'oa nanga, akaondoka. Hapakuwa na kitu tena cha kudai. Mtukufu akatangaza kwamba adui amekimbia, na hakudanganya sana.

Aliyekosekana ni Ngwali.

Maji yalipokupwa kabisa, merikebu ikaonekana imelala kwenye fungu la mchanga mdomoni mwa ghuba, wakashuka kumtafuta. Walimkuta ngamani, ameketi juu ya tundu la shemeji yake, mgongo umeegemea kibao, mikono imeshika mbao huku na huku. Alikuwa amejisokomeza mle kwa nguvu zake zote. Katika chombo kizima lilikuwa ndilo tundu pekee lisiloingiza maji.

*

Tume ikaundwa. Ilisikiliza wataalamu wengi, ikahitimisha kwamba merikebu ilizama kwa sababu maji yaliyoingia hayakupewa matundu ya kutosha ya kutokea. Bwana Tindo akaahidi kulirekebisha jambo hilo katika merikebu ijayo.

Mshitakiwa alikuwa mmoja. Marehemu Ngwali alishitakiwa kwa kuziba Tundu la Taifa, kwa makusudi, kwa kutumia mwili. Sanduku lake liliwekwa kizimbani, na vijana aliowaokoa wakakaa nyuma ya mahakama wakiwa wamekatazwa kulia. Bi Mwanate, dada wa marehemu, alikaa mbele. Alimkazia macho mumewe tu.

Shahidi mkuu akaitwa.

"Nahodha," hakimu akauliza, "tundu lililozibwa ni la nani?"

Haidari akamtazama mkewe. Akalitazama sanduku. Alihisi uchungu, na uchungu ule ulikuwa wa kweli. Alimpenda Ngwali, walikula pamoja miaka mingi. Kisha akaona, juu ya meza ya hakimu, kibao chake cha shaba kimesafishwa kinang'aa.

"Langu, Mheshimiwa."

"Na ulimruhusu kuliziba?"

Haidari hakukiondolea kibao macho.

"Hapana," akasema Haidari. "Sikumruhusu."

Ngwali akapatikana na hatia, na akahukumiwa kuzikwa bila matanga. Haidari akakabidhiwa kibao chake akae nacho nyumbani mpaka merikebu nyingine itekwe. Alikibeba kifuani mjini kote, watu wakimpisha njia. Jioni haikuwa imeingia bado alipofika mlangoni kwake.

Mlango ulikuwa umefungwa kwa ndani. Akabisha, akaita. Akazunguka madirisha, yote yalikuwa yamepigiliwa mbao. Akarudi mlangoni, akaweka kibao chini, akainama kuchungulia kwenye tundu la ufunguo. Lilikuwa limezibwa, gumu, kwa kipande cha bafta nyeupe kilichobaki kwenye sanda.